Treni za chini ya ardhi za London: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Nauli zilizotajwa hapa ni za mwaka 2025. Kwa kawaida hupandishwa mwezi Machi, kwa hiyo zitumie kukadiria bajeti tu. Saa tumeziandika kwa Kiswahili, na pale zinapohusu fedha yako tumeongeza namna ubao wa stesheni unavyoziandika.

Underground ni ipi, na ipi si Underground?

Underground ni mtandao wa laini 11 zenye stesheni 272 na urefu wa kilomita 402. Kipande cha kwanza, kati ya Paddington na Farringdon, kilifunguliwa tarehe 10 Januari 1863, treni zikivutwa kwa injini za mvuke. Jina lisikuhadae: zaidi ya nusu ya njia hizo ziko juu ya ardhi, hasa ukishatoka katikati ya jiji.

Kwenye ramani hiyohiyo utaona pia Elizabeth line ya rangi ya zambarau, DLR (treni nyepesi za mashariki ya jiji), na laini sita za Overground (treni za mjini zinazopita zaidi juu ya ardhi). Hizi huendeshwa kama huduma tofauti, lakini kadi ni ileile na hakuna haja ya kukata tiketi nyingine. La kuangalia ni hili: stesheni nyingi za DLR hazina geti. Kuna nguzo yenye kisomaji cha kadi tu, na ukipita bila kuigusa hakuna atakayekuzuia. Gharama yake utaiona baadaye.

Nalipaje? Ni lazima ninunue Oyster?

Oyster ni kadi ya usafiri ya London unayoipakia fedha kabla ya kusafiri. Wengi hawaihitaji. Kadi ya benki ya Visa, Mastercard au American Express yenye alama ya mawimbi ya kugusisha inafungua geti, na mtu mzima hulipa nauli ileile ya Oyster. Simu au saa yenye Apple Pay au Google Pay nayo inafungua. Kadi ya benki ya Nairobi, Dar es Salaam au Kampala hufanya kazi pia, mradi benki yako imeruhusu malipo ya nje ya nchi. Piga simu kabla ya kusafiri. Kuhusu makato ya kubadilisha fedha, TfL, yaani mamlaka ya usafiri ya jiji, hujumlisha safari zako zote za siku na kutoza mara moja. M-Pesa na Airtel Money hazifungui geti.

Oyster ina maana kwa watu wa aina tatu: asiye na kadi ya benki ya kugusisha, mwenye haki ya punguzo ambalo lazima lipakiwe kwenye kadi, na mgeni mwenye mtoto wa miaka 11 hadi 15. Ada ya kununua kadi yenyewe hairudishwi, ila salio lililobaki unaweza kulidai. Tiketi ya karatasi ya safari moja iache. Katikati ya jiji inagharimu zaidi ya mara mbili ya nauli ya kadi.

Kadi naigusisha vipi?

Tafuta kisomaji cha duara la njano upande wa kulia wa geti. Weka kadi bapa juu yake, subiri geti lifunguke, pita. Unapotoka stesheni ya mwisho fanya vilevile, hata kama geti limeachwa wazi. Makosa yanayowagharimu watu zaidi ni haya:

- Kugusisha pochi nzima. Ikiwa na kadi mbili za kugusisha, kisomaji kinaweza kuchukua usiyoikusudia, au kikakataa zote.
- Kuingia kwa kadi ya plastiki na kutoka kwa simu. Hata kama akaunti ya benki ni moja, mfumo unaona kadi mbili tofauti na safari mbili ambazo hazijakamilika, na utatozwa nauli ya juu kwenye kila moja. Saa ya mkononi na simu nazo ni vitu viwili. Chagua kimoja asubuhi, kaa nacho hadi usiku.
- Watu wawili kutumia kadi moja. Haiwezekani. Kila mtu anahitaji yake.
- Kutopita kwenye kisomaji kabisa. Mkaguzi akikukuta huna rekodi ya kuingia, faini ni £100, ikilipwa ndani ya siku 21 inashuka hadi £50.

Ukigundua baadaye kwamba ulisahau kugusisha ukitoka, usiiache. Fungua akaunti kwenye tovuti au programu ya TfL, sajili kadi yako, tafuta safari iliyoandikwa kuwa haijakamilika, kisha taja stesheni uliyoshukia. Ikikubaliwa, tofauti inarudi.

Kile kisomaji cha rangi ya waridi ni cha nini?

Kipo kwenye baadhi ya stesheni za kubadilishia treni nje ya katikati ya jiji. Hakifungui geti wala hakimalizi safari. Kinauambia mfumo kwamba ulipita njia ya pembeni bila kuingia Zoni 1, yaani kitovu cha jiji. Mfano: unatoka Walthamstow Central kwa Victoria line, unabadili Highbury & Islington kwenda Richmond kwa Mildmay line ya Overground. Gusisha kwenye waridi pale Highbury & Islington. Usipogusisha, mfumo unaweza kudhani ulipita katikati ya jiji na kukutoza hivyo.

Nauli inahesabiwaje?

Kwa zoni na kwa saa. Zoni 1 ndiyo kitovu cha jiji, na namba zinapanda kadiri unavyotoka nje, hadi 9. Mgeni wa kawaida hatoki nje ya Zoni 1 na 2, isipokuwa anapokwenda uwanja wa ndege au kwa ndugu.

Saa za msongamano ni Jumatatu hadi Ijumaa, saa 12:30 hadi saa 3:30 asubuhi na saa 10:00 jioni hadi saa 1:00 usiku. Ubao wa stesheni utaziandika 06:30 hadi 09:30 na 16:00 hadi 19:00. Sikukuu za umma hazihesabiwi. Kinachoangaliwa ni saa uliyogusisha kuingia, si ya kutoka. Kuna nafuu moja ambayo wakazi wengi hawaijui: jioni hiyohiyo ya msongamano, ukitoka nje ya Zoni 1 kuingia Zoni 1 unalipa nauli ya saa tulivu, kwa sababu umati unakwenda upande wa pili.

Ndani ya Zoni 1 safari moja ni £2.90 wakati wa msongamano na £2.80 nje yake. Ukizunguka Zoni 1 na 2 siku nzima, kuna kikomo cha £8.90. Safari tatu za £2.90 ni £8.70, ya nne inakugharimu £0.20 tu, ya tano na kuendelea ni bure. Siku inahesabiwa kuanzia saa 10:30 alfajiri hadi alfajiri inayofuata, kwa hiyo safari ya saa 7 usiku bado ni ya jana. Kipo pia kikomo cha wiki, lakini wiki yake ni Jumatatu hadi Jumapili bila kujali ulifika lini. Aliyetua Alhamisi na kuondoka Jumatano kwa kawaida hakifikii.

Basi ni £1.75, na ndani ya saa moja tangu ugusishe la kwanza unaweza kupanda mengine bila kuongeza kitu. Mabasi hayapokei fedha taslimu tangu Julai 2014.

Watoto je?

Walio chini ya miaka 11 husafiri bure kwenye Underground wakiwa na mtu mzima anayelipa, hadi watoto wanne kwa mtu mzima mmoja. Kwa mgeni wa miaka 11 hadi 15, nunua Oyster ya kawaida kisha mwombe mfanyakazi wa stesheni aipakie punguzo la vijana wageni. Ni nusu nauli kwa siku 14. Mtoto mwenyewe awepo. Ukiwa na kigari cha mtoto pita geti pana, na kwenye ngazi za umeme mtoe mtoto, kikunje.

Nitajuaje jukwaa lipi ni langu?

Hapa ndipo watu wanapopotea, na sababu ni kwamba wanafuata rangi pekee. Rangi inakupa laini tu, haikuambii treni inaelekea wapi. Kabla hujashuka chini jua mambo matatu: laini, upande wa dira, na jina la stesheni ya mwisho upande huo. Vibao huandika Northbound kwa kaskazini, Southbound kusini, Eastbound mashariki na Westbound magharibi. Ukutani kabla ya jukwaa kuna orodha ya stesheni zote za upande ule. Simama hapo sekunde tano uitafute yako. Kama haipo, jukwaa ni la ng'ambo. Kisha ukiwa jukwaani soma ubao wa umeme pamoja na jina lililo kwenye paji la treni, maana jukwaa moja linaweza kupokea treni za miisho tofauti.

Laini inayosumbua kuliko zote ni Northern, ile nyeusi. Katikati ya jiji ina matawi mawili, moja linapita Bank na jingine Charing Cross. Yanakutana Camden Town, Euston na Kennington. King's Cross na London Bridge ziko tawi la Bank; Leicester Square na Waterloo ziko tawi la Charing Cross. Kwa hiyo mtu aliye King's Cross anayekwenda Waterloo asipande Northern kwa kuwa tu ameona zote mbili zimechorwa kwa rangi nyeusi. Achukue Victoria line kwenda kusini hadi Oxford Circus, ashuke, avuke upande wa pili wa jukwaa lilelile, apande Bakerloo kwenda kusini. Hakuna hata ngazi moja ya kupanda. Kaskazini nako kuna mgawanyiko mwingine, Edgware na High Barnet, na kusini kuna Morden na Battersea Power Station. Treni za Battersea hupita Charing Cross.

District ya kijani hugawanyika Earl's Court: Wimbledon, Richmond, Ealing Broadway, na pembeni Kensington Olympia. Pale soma ubao kila mara, hata kama umeishi London miaka. Metropolitan ina treni za haraka zinazoruka baadhi ya stesheni. Na Circle si duara tena tangu 2009. Inaanzia Hammersmith, inafika Edgware Road, inazunguka katikati ya jiji, na kuishia tena Edgware Road. Ukitaka kuendelea, unabadili hapo.

Nimepanda treni isiyo yangu. Nifanye nini?

Shuka stesheni inayofuata, vuka jukwaa la upande wa pili, rudi. Usitoke nje ya geti. Kinachohesabiwa ni pale ulipoingia na pale utakapotokea, kwa hiyo kosa lenyewe halikugharimu chochote, mradi usizunguke ndani kwa saa nyingi. Safari ina muda wa juu, na ukiuzidi mfumo unaiona imeharibika.

Kwa nini kuna stesheni mbili zenye jina moja?

Kwa sababu zilijengwa na kampuni tofauti zilizoshindana, zamani kabla ya kuunganishwa. Edgware Road ziko mbili, moja ya Bakerloo na nyingine ya Circle, District na Hammersmith & City, na kati yake kuna barabara ya kutembea. Edgware bila neno Road ni mahali pengine kabisa, mbali kaskazini. Hammersmith nazo mbili, zinatazamana ng'ambo ya barabara. Bank na Monument kinyume chake: majina mawili, lakini zimeunganishwa kwa njia za ndani.

Kwenye jozi kama za Hammersmith unatoka geti moja, unatembea, unaingia geti jingine, na mfumo unaunganisha kuwa safari moja ukiwahi muda uliowekwa. Usisimame kunywa chai katikati.

Kwenye Elizabeth line kuna mtego wa aina nyingine. Treni zake zina urefu wa zaidi ya mita 200, na jukwaa moja linaweza kukutoa sehemu mbili zilizo mbali: Liverpool Street upande mmoja na Moorgate upande wa pili, au Farringdon na Barbican. Soma kibao cha kutokea kabla hujafuata umati.

Kutoka Heathrow nipande nini?

Piccadilly line, buluu iliyoiva, ndiyo nafuu: £5.80 hadi Zoni 1 saa yoyote, na inachukua kama saa moja hadi katikati. Elizabeth line ni £13.90 na inakaribia nusu ya muda huo. Heathrow Express hufika Paddington kwa dakika 15, kwa bei ambayo familia ya watu wanne itaijutia. Ukiwa na mizigo mingi na unakwenda mashariki ya jiji, tungechagua Elizabeth: ni pana na ina kiyoyozi. Piccadilly inatosha kwa mwenye begi moja, na kwa kuwa inaanzia uwanjani utapata kiti.

Wakati wa kurudi, kumbuka kwamba treni za Piccadilly hugawanyika: nyingine zinakwenda Terminal 4, nyingine Terminal 5. Soma paji la treni. Ukikosea, shuka Hatton Cross, kabla njia hazijagawanyika, usubiri sahihi. Pia, baada ya Acton Town baadhi ya treni za Piccadilly haziendi uwanjani kabisa, zinakwenda Uxbridge.

Natumia kiti cha magurudumu, au magoti hayapandi ngazi.

Si kila stesheni itakufaa. Ramani inatumia alama mbili. Kiti cheupe kwenye duara la buluu maana yake unaweza kutoka barabarani hadi ndani ya treni bila ngazi. Kiti cha buluu kwenye duara jeupe maana yake unafika jukwaani tu, na kati ya jukwaa na treni kuna pengo au kimo. Mwombe mfanyakazi akuwekee ubao wa mteremko pale unapopatikana. Green Park na King's Cross ni mahali pazuri pa kubadilishia. Bank kwenye Central line ni mahali pa kuangalia mguu: jukwaa limepinda, behewa limenyooka, na pengo linalobaki katikati ni kubwa kweli. Tangazo la Mind the Gap, yaani jihadhari na pengo, halikuwekwa kwa mapambo.

Kuna safari ambazo ni bora kutembea?

Ndiyo, na ramani haitakuambia. Mchoro wake, uliotokana na kazi ya Harry Beck na kutolewa mara ya kwanza mwaka 1933, unaonyesha mpangilio wa stesheni, hauonyeshi umbali. Leicester Square hadi Covent Garden ni chini ya mita 300. Utafika kwa miguu kabla mwenzako hajafika jukwaani. Covent Garden yenyewe ina foleni ya lifti, na mbadala wake ni ngazi 193 za kuzunguka. Hampstead, iliyo chini kuliko zote kwa mita 58.5, ina ngazi 320. Usizijaribu kwa kujionyesha.

Kwa nini ni joto hivyo hata nje kukiwa na baridi?

Laini za kina kama Central na Bakerloo zilichimbwa kwenye udongo wa mfinyanzi. Treni ikifunga breki hutoa joto, na kwa zaidi ya miaka 100 udongo umekuwa ukilinyonya hadi hauna nafasi tena. Mahandaki yenyewe ni membamba, hayana pa kuweka viyoyozi vikubwa, na joto ambalo kiyoyozi kingetoa lingebaki mlemle. Circle, District, Hammersmith & City na Metropolitan, ambazo ziko karibu na uso wa ardhi, zina viyoyozi. Mwezi Agosti beba maji, na ukiweza chagua hizo. Ukijisikia kizunguzungu usivute mkono wa dharura katikati ya handaki. Treni ikisimama pale msaada unachelewa. Subiri stesheni ifuatayo, shuka, kaa chini, mwite mfanyakazi.

Treni zinaisha saa ngapi?

Kwa jumla huanza karibu saa 11 alfajiri na kuisha baada ya saa 6 usiku. Usiku wa Ijumaa na Jumamosi, Victoria na Jubilee huendelea hadi asubuhi kwa urefu wao wote, na Central, Northern na Piccadilly kwa sehemu. Kwa Northern ni tawi la Charing Cross, si la Bank. Kwa Piccadilly usiku huo hakuna treni ya Terminal 4. Wikendi baadhi ya laini hufungwa kwa matengenezo, wakati mwingine siku nzima, kwa hiyo Ijumaa jioni angalia hali ya laini kabla ya kuahidi kufika harusini.

Adabu na makatazo?

Kwenye ngazi za umeme simama kulia, kushoto ni kwa wanaotembea. Waache wanaoshuka washuke. Vua begi la mgongoni. Mjamzito anaweza kuomba bure beji ya Baby on Board, nayo humpatia kiti bila kuomba. Kunywa pombe kumepigwa marufuku tangu Juni 2008. Skuta za umeme haziruhusiwi, wala, tangu Machi 2025, baiskeli za umeme zisizokunjika; betri zake ziliwahi kuwaka.

Simu yangu imeanguka relini!

Usishuke. Reli za Underground ni nne, mbili kati yake zina umeme: ya pembeni volti 420 chanya, ya katikati volti 210 hasi. Kwa pamoja ni volti 630. Mwambie mfanyakazi, ana kifaa na utaratibu wake. Ukiona mtu anasumbuliwa au kitu cha kutia shaka, polisi wa reli hupokea ujumbe mfupi kwa namba 61016, na hatari ya papo hapo ni 999.

Nimesahau begi ndani ya treni.

Jaza fomu ya mali zilizopotea ya TfL mtandaoni mapema, ukieleza rangi, laini, upande wa safari na saa. Vitu huhifadhiwa miezi mitatu, na hulipiwa ada kidogo ukivichukua.

Treni imechelewa. Narudishiwa nauli?

Kwenye Underground na DLR, ukicheleweshwa dakika 15 au zaidi kwa sababu iliyo mikononi mwa TfL unaweza kudai nauli ya safari ile ndani ya siku 28. Kwenye Elizabeth na Overground kiwango ni dakika 30. Kadi iwe imesajiliwa kwenye akaunti, vinginevyo hakuna ushahidi wa safari. Migomo, hali ya hewa, na tukio la abiria havilipwi.